Umeme Unachacha: Mwongozo wa Kuandika na Kutayarisha Vichekesho vya Televisheni

Mwandishi wa vichekesho vya televisheni anayeishia kwenye kalamu hukabidhi skripti Jumatatu, na wiki chache baadaye anaona kwenye runinga jambo jingine kabisa. Mhusika aliyemwandika mnyamavu anapiga kelele. Sini, yaani onyesho moja, iliyobeba kipindi chote imekatwa kwa sababu jenereta liliishiwa mafuta saa kumi jioni. Nimeyapitia hayo miaka yangu ya mwanzo, na ndiyo maana mwongozo huu hauishii kwenye kuandika. Unakwenda hadi kwenye kiti cha mtayarishaji, yule tunayemwita prodyuza, kwa sababu anayeshika bajeti ndiye anayeamua kicheko kipi kinabaki na kipi kinatupwa.

Kabla ya yote: daftari

Miezi mitatu ya kwanza usiandike skripti. Nunua daftari dogo linaloingia mfukoni, ulijaze maneno ya watu kama yalivyotamkwa: kwenye daladala, kwenye foleni ya zahanati, kwenye kamati ya harusi. Achana na hadithi za kuchekesha ulizosimuliwa, hizo zimeshachekwa. Tafuta namna watu wanavyojitetea wanapobanwa. Abiria akilalamika kwamba gari limejaa, kondakta hakatai wala hakubali. Anasema, "Dada, simama kiupande." Mtu asiyetaka kushindwa ametoa ufumbuzi usio ufumbuzi, kwa maneno matatu. Huyo tayari ni mhusika.

Kama karibu yako ipo redio inayorusha michezo ya kuigiza, omba kuiandikia hata kama malipo ni nauli tu. Redio inakulazimisha kuchekesha bila sura wala vazi, na kazi ya redio haipotei. Jess Oppenheimer, mwandishi mkuu na mtayarishaji wa I Love Lucy, kichekesho cha televisheni cha Marekani, alitokea huko. Alikuwa akimwandikia mwigizaji Lucille Ball redioni pamoja na Madelyn Pugh na Bob Carroll Jr., na walipoingia televisheni na I Love Lucy Oktoba 1951, skripti kadhaa za redio zilikarabatiwa zikawa vipindi vya picha.

Hatua ya 1: Tafuta injini

Vijana wengi hunijia na wazo. "Kuna kijana anatoka kijijini, anakuja mjini." Vizuri, amefika. Wiki ya pili utaandika nini? Ya kumi na tatu je? Kipindi cha mfululizo kinaendeshwa na injini, yaani hali inayozalisha balaa jipya kila wiki huku mhusika akibaki yuleyule na mahali pakibaki palepale.

Tazama Papa Shirandula ya Citizen TV ya Kenya, iliyobebwa na Charles Bukeko hadi alipofariki Julai 2020. Bwana yule ni mlinzi wa getini, lakini nyumbani mkewe Wilbroda anaamini ana kazi kubwa ofisini. Basi. Hapo huhitaji kutafuta visa, visa vinakutafuta wewe. Mke akitaka kumpelekea chakula kazini, tayari una kipindi. Mtu wa kwao akipita getini, kipindi kingine. Uongo mmoja, uliowekwa mahali pazuri, umelisha waandishi kwa miaka.

Vioja Mahakamani ya KBC, televisheni ya taifa ya Kenya, ina injini ya aina nyingine, na mimi kila ninapofundisha naanza nayo. Ni chumba cha mahakama. Kesi inaingia, watu wanajitetea kwa ujinga na ujanja wao wote, hukumu inatolewa, wiki ijayo inaingia kesi nyingine. Macho ya mwandishi yanaona pale visa visivyokwisha. Macho ya mtayarishaji yanaona jambo la pili: chumba kimoja, taa zilezile, kamera zilezile, hakuna kuhamisha vyombo. Kipindi kile kimedumu miongo kadhaa, na naamini umbo lake la chumba kimoja limechangia sana uhai huo.

Injini yako ipime hivi. Mhusika mkuu ana udhaifu gani asiotaka ujulikane? Nani anaishi naye karibu kiasi cha kuugundua? Na kwa nini watu hao hawaondoki? Swali la tatu ndilo linalosahauliwa zaidi. Mtazamaji akijiuliza hata mara moja, "Sasa huyu si ahame tu?", umempoteza.

Nikupe mfano nitakaoutumia hadi mwisho. Mzee Kiango ana nyumba ya vyumba sita uswahilini, yenye ua mmoja, bomba moja na mita moja ya luku, umeme unaolipiwa kabla ya kutumiwa. Udhaifu wake: hawezi kutamka neno "sijui". Ukimuuliza habari ya umeme, ya sheria, ya ugonjwa wa kuku, anajibu papo hapo. Wapangaji wake hawaondoki kwa sababu wamelipa kodi ya miezi sita kwa mkupuo. Mkazi yeyote wa Dar es Salaam anaielewa hiyo sababu bila kuelezwa. Na kazi yote inapigwa picha uani.

Hatua ya 2: Chora kipindi kabla ya kukiandika

Nafasi ya nusu saa kwenye ratiba si dakika 30 za kwako. Ukitoa matangazo utabaki na dakika 22 hadi 25, kutegemea kituo. Waulize kabla ya kuandika, maana tofauti ya dakika tatu ni sini nzima.

Chukua karatasi moja, uandike safari ya kipindi kwa sentensi fupi. Kipindi cha luku kinakwenda hivi. Wapangaji wamechanga shilingi elfu kumi za umeme, kesho yake alfajiri nyumba ni giza. Wanamwamsha Mzee Kiango. Hawezi kusema hajui, kwa hiyo anatoa maelezo ya ajabu na kujiteua mwenyekiti wa uchunguzi. Uchunguzi unamwangukia Zuhura, fundi cherehani, anapigwa marufuku kutumia pasi, na mwalimu wa chumba cha tatu anakwenda shuleni na shati lililokunjamana. Umeme unakwisha tena. Mwalimu, kwa hasira za shati, anapendekeza jaribio: kila mtu azime kila kitu, watu wote wasimame mbele ya mita. Wanazima. Mita inaendelea kula. Imebaki stoo ya mwenye nyumba, ambayo anasema haifunguliwi kwa sababu ina nyuki. Ndani kuna friji. Mzee anagandisha barafu na kuuza mtaa wa pili.

Angalia kilichotokea. Hakuna mgeni aliyeingia kuleta balaa. Kila hatua imetoka kwa mzee mwenyewe, kwenye juhudi yake ya kuficha jambo dogo, na kila alipojifunika pua miguu ikabaki nje. Huo ndio mtihani wangu wa mchoro: jaribu kubadilisha mpangilio wa sini mbili. Hadithi isipovunjika, moja kati ya hizo haina kazi.

Weka pia kisa cha pili, chembamba, dakika tano au sita, kinachowapa kazi wahusika wengine. Hapa ni shati la mwalimu. Kianzie mbali na kisa kikubwa, kisha kikigonge katikati. Hasira za shati ndizo zinazozaa jaribio la mita, na ndipo visa viwili vinapokuwa kimoja.

Hatua ya 3: Andika, kisha uandike upya

Rasimu ya kwanza iandike haraka, siku mbili, bila kurudi nyuma. Itakuwa mbaya na ndivyo inavyotakiwa. Yangu ya kipindi hiki ilikuwa na mistari hii:

ZUHURA: Mzee Kiango, umeme umekwisha. Tufanyeje?

MZEE KIANGO: Msiwe na wasiwasi. Mimi naujua umeme kuliko mafundi wote wa mji huu.

Hakuna aliyecheka, hata mimi. Mzee anajisifu, na kujisifu peke yake ni tangazo. Nimemweleza mtazamaji kwamba mzee anajifanya mjuaji badala ya kumwacha amshuhudie. Mwandiko wa nne ulikuwa huu:

ZUHURA: Mzee, luku imekwisha. Jana tumeweka elfu kumi.

MZEE KIANGO: Elfu kumi ya jana hiyo. Umeme unachacha.

ZUHURA: Unachacha?

MZEE KIANGO: Sasa mwanangu, umeuacha kwenye mita usiku kucha, na joto hili? Kama maziwa.

Tofauti iko wapi? Mzee hajisifu tena, anafundisha. Anaamini anachosema, au angalau anataka kukiamini. Neno "unachacha" limekaa mwisho wa sentensi, halikufuatwa na maelezo, na Zuhura amelirudia ili sikio la mtazamaji lililochelewa lilikamate. Kisha likaja neno "maziwa", na hapo nikaona nimepanda mbegu bila kujua. Nikaenda hadi sini ya mwisho. Mwanzoni nilikuwa nimeandika kwamba Zuhura anafungua stoo na kukuta barafu. Nikabadilisha. Anafungua friji, anatoa pakiti ya maziwa inayotiririka jasho la baridi, anaishika juu mbele ya wapangaji wote:

ZUHURA: Mzee, haya mbona hayajachacha?

Kicheko cha mwisho kilipandwa dakika ya kwanza. Mtazamaji anapata raha mbili kwa pamoja, ya kucheka na ya kukumbuka. Rasimu ya kwanza haikunipa hilo. Lilikuja siku ya nne, nilipokuwa nimechoka na kipindi chenyewe. Kwa hiyo ratiba yako iwe na nafasi ya miandiko minne kwa uchache. Mwandishi anayekubali kuandika kipindi usiku mmoja anajinyima mwenyewe.

Mambo mawili ya lugha. Kwanza, lafudhi si kichekesho. Kumfanya mtu wa kabila fulani aseme vibaya ili achekwe kumetumika miaka mingi kwenye televisheni zetu, na sitaki ulifanye. Mpe mhusika wako lafudhi kama ni yake, lakini kicheko kitoke kwenye anachotaka na namna anavyokikosa. Pili, soma kila mstari kwa sauti. Kiswahili kina mdundo wake. Mkazo unaangukia silabi ya pili kutoka mwisho, na neno zito likikaa katikati ya sentensi linazama.

Hatua ya 4: Meza

Waite watu watano au sita, wagawie nafasi, wasome skripti kwa sauti kuanzia mwanzo hadi mwisho bila kusimama. Wewe usisome. Kaa na kalamu, weka alama ndogo pembeni kila wanapocheka, na alama nyingine pale mtu anapoangalia simu. Hiyo alama ya pili ina thamani kuliko ya kwanza.

Baadaye waulize walipopotea, usiwaulize kama wamependa. Mtu akikwambia sini fulani haifanyi kazi, mara nyingi yuko sahihi. Akikwambia namna ya kuirekebisha, mara nyingi amekosea, kwa sababu ugonjwa uko sini mbili nyuma.

Ukifika kuwa na waandishi wenzako, wape mambo mawili tu ya kufuata: asiyeafiki wazo alete jingine mezani, na mtu asicheke wazo la mgeni kwa kulidharau. Nimeona mabinti wawili wenye vipaji vikubwa wakinyamaza miezi mizima kwenye meza yenye kelele za wanaume. Ni kazi ya mwandishi mkuu kuwapa nafasi ya kumaliza sentensi zao.

Kuna suala la wachekeshaji wanaobuni papo kwa papo. Kwetu wengi wamekulia jukwaani, na mtu wa namna hiyo ukimfunga kwa kila neno unamuua. Ninachofanya ni kuacha dirisha: naandika sini nzima, kisha naweka alama mahali pamoja au pawili ambapo yuko huru kusema atakalo, mradi aingie na kutoka kwa maneno yaliyoandikwa. "Maziwa" ya sini ya kwanza, kwa mfano, hayaguswi. Akisema "uji", sini ya mwisho imekufa.

Hatua ya 5: Linda kazi kabla hujaionyesha

Hapa nitakaa, kwa sababu hapa ndipo watu wetu wanapoumia.

Sheria ya hakimiliki, Tanzania na Kenya, hailindi wazo. Inalinda kazi iliyowekwa kwenye maandishi au kwenye rekodi. "Mwenye nyumba mjuaji" ni la kila mtu. Mzee Kiango wako, ua wake, Zuhura, mazungumzo yao, vikiwa vimeandikwa, ni vyako tangu siku ulipoviandika, na haki hiyo hudumu maisha yako na miaka 50 baada ya kufa kwako. Usajili ni ushahidi: Tanzania unakwenda COSOTA, Kenya unakwenda KECOBO, ndizo ofisi za hakimiliki. Sajili maelezo ya kipindi, orodha ya wahusika na angalau skripti mbili kamili. Kisha jitumie nakala kwa barua pepe, na kila mkutano uandike nani alikuwapo na ulimkabidhi nini.

Oppenheimer, yule wa I Love Lucy, alisajili ya kwake mwaka 1951. Aliandika maelezo mafupi ya mke anayetamani kuingia kwenye usanii na mume kiongozi wa bendi anayetaka mke wa nyumbani, akayasajili kwenye chama cha waandishi kwa dola 1. Lucille Ball na mumewe Desi Arnaz nao walikuwa na jicho. Walikubali kupunguziwa malipo yao, na kampuni yao ikabaki na umiliki wa filamu za kipindi. Baadaye waliuza haki hizo kwa kituo cha CBS kwa mamilioni ya dola.

Nyumbani tuna somo la jina. Kundi la wachekeshaji wa Tanzania, kina Joti, Masanja na Mpoki, lilipata umaarufu EATV kwa jina la Ze Comedy. Lilipohamia TBC likajulikana kwa jina la Ze Orijino Komedi. Watu walewale, vipaji vilevile, lakini jina lililowajenga halikuvuka nao. Kwa hiyo mkataba wako utaje jina la kipindi ni mali ya nani, na majina ya wahusika ni mali ya nani, kila moja kwa sentensi yake.

Na tuna somo la mchekeshaji King Majuto, Amri Athumani wa Tanga, aliyefariki Agosti 2018. Alipokuwa mgonjwa, malipo na mikataba yake ya matangazo ikawa mjadala wa nchi nzima, na serikali ikaunda kamati ya kupitia mikataba ya wasanii. Mtu aliyechekesha Tanzania na Kenya maisha yake yote. Mimi mwenyewe niliwahi kuandika vipindi 13 kwa makubaliano ya mdomo. Mtayarishaji, ambaye sitamtaja, alilipa vinne, na mhusika wangu akaendelea kuishi bila mimi. Sikuwa na karatasi hata moja ya kumwonyesha wakili.

Kwenye mkataba tafuta haya: kiasi na tarehe za malipo, si "baada ya kurushwa" tu, kwa sababu kipindi kinaweza kukaa kabatini mwaka, idadi ya marekebisho utakayofanya bila malipo ya ziada, malipo ya marudio, haki za mtandaoni, maana siku hizi kipande cha dakika mbili kinaweza kutazamwa kuliko kipindi chenyewe, haki ya kuuza mtindo wa kipindi nchi nyingine, na jina lako kwenye orodha ya mwisho, limeandikwaje na linakaa sekunde ngapi. Lipa wakili aupitie. Fedha hiyo itakuuma mara moja.

Hatua ya 6: Peleka kituoni

Andaa karatasi mbili, si ishirini: injini kwa aya moja, wahusika wakuu kwa mistari mitatu kila mmoja, visa kumi kwa sentensi moja moja, na sababu ya kipindi kuwa rahisi kutengeneza. Ambatisha skripti moja iliyokamilika. Ukiweza, rekodi dakika tano, uani kweli, kwa simu nzuri na kinasa sauti cha heshima. Msimamizi wa vipindi ana mafaili mengi mezani. Dakika tano za Mzee Kiango akieleza kuchacha kwa umeme zitamfikia haraka kuliko sifa zozote.

Fahamu aina ya biashara unayoingia. Kuna kituo kinachoagiza kipindi na kukulipa gharama zote, na mara nyingi kinabaki na umiliki. Ndivyo ilivyo kwa sehemu kubwa ya kazi za chaneli kama Maisha Magic Bongo na Maisha Magic East. Kuna kituo kinachonunua haki ya kurusha kwa muda fulani, kipindi kinabaki chako. Na kuna kituo kinachokuuzia muda wa hewani, wewe unatafuta wadhamini na kutengeneza kwa fedha zako. Njia hii ya tatu inakupa uhuru wote na hasara yote. Usiiingie bila mdhamini aliyesaini.

Utakataliwa. Mtayarishaji wa Marekani, Norman Lear, alitengeneza kipindi cha majaribio cha All in the Family kwa ajili ya kituo cha ABC, wakakikataa. Akatengeneza cha pili, wakakataa tena. CBS ndiyo iliyokirusha, Januari 1971, na kikawa miongoni mwa vipindi vilivyotazamwa zaidi Marekani. Alikuwa na skripti ileile kimsingi. Alibadilisha waigizaji vijana, akagonga mlango mwingine.

Hatua ya 7: Fikiri kama mtayarishaji

Sasa umepewa vipindi 13, robo mwaka ya ratiba. Chukua kalamu. Skripti yenye kurasa 24 mara 13 ni kurasa 312. Kikosi kidogo kilichozoeana, kwa uzoefu wangu, hupiga kurasa 8 kwa siku bila kuharibu. Hizo ni siku 39 za kurekodi. Zidisha kwa gharama ya siku moja: mishahara ya kikosi na waigizaji, kodi ya kamera na taa, usafiri, chakula, mafuta ya jenereta, kodi ya nyumba unayotumia. Ongeza asilimia kumi ya dharura, na usimwambie mtu kwamba ipo.

Usirekodi kipindi kimoja hadi kiishe ndipo uanze kingine. Panga sini za vipindi vyote 13 kwa mahali. Sini zote za stoo siku moja, sini zote za usiku mfululizo, sini zote za mwigizaji ghali ndani ya wiki moja. Hapa ndipo mwandishi aliyekuwa mtayarishaji anapowashinda wenzake. Mimi naweza kuitazama sini ya sokoni yenye watu arobaini, nikajua kwamba kicheko chake kinatoka kwa watu wawili, nikaihamishia bombani uani jioni ileile. Mtayarishaji asiyeandika angeikata yote.

Chakula kisiwe cha kubana. Kikosi kilichokula vizuri saa saba mchana kinafanya kazi mpaka magharibi.

Sauti nayo. Mtazamaji anavumilia picha yenye giza kidogo. Maneno asiyoyasikia hayamchekeshi. Nyumba za mabati mvua ikinyesha hazirekodiwi. Nenda kwenye eneo siku tatu kabla, saa zilezile utakazorekodi, ukae kimya usikilize: bodaboda, mashine ya kusaga, adhana, shule inayotoka. Andika saa zake na upange sini za maneno mengi katikati. Zungumza na majirani na mjumbe wa mtaa mapema, kwa heshima, na uwape vijana wa pale kazi ya ulinzi na kubeba vyombo.

Vibali: Tanzania ni Bodi ya Filamu, chini ya Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya mwaka 1976, Kenya kuna sheria yake, Sura ya 222. Omba wiki kadhaa mapema. Usirekodi kwa ujanja ukaja kusimamishwa siku ya sini kubwa.

Hatua ya 8: Siku ya kurekodi

Kaa karibu na mwongozaji lakini nyuma yake. Una maoni? Mwambie yeye, pembeni. Mwigizaji anayepewa maelekezo na watu wawili hachekeshi tena.

Amua mapema kama unatumia kamera moja au kadhaa. I Love Lucy ilipigwa kwa kamera tatu za filamu kwa wakati mmoja mbele ya watazamaji waliokaa ukumbini, na waigizaji walisubiri kicheko halisi kipungue ndipo waendelee. Ukiwa na kamera moja uani, kicheko hicho hakipo, kwa hiyo mpe mwongozaji maombi mawili: apige uso wa anayesikiliza, siyo wa anayesema tu, na asikate haraka. "Kama maziwa" linachekesha zaidi kwenye uso wa Zuhura.

Piga mara mbili kama ilivyoandikwa. Ya tatu waachie waigizaji. Na mtu wa mwendelezo awe na picha ya kila vazi na kila kikombe, hasa unaporekodi sini za vipindi sita kwa siku moja.

Hatua ya 9: Uhariri

Kaa na mhariri ukiwa na daftari la alama za kusoma mezani. Kata kuingia na kutoka kwa watu. Mlango ukifunguka, mtu awe tayari anaongea. Lakini ule ukimya kabla ya "unachacha?" ya Zuhura usiuguse. Sekunde moja pale ndiyo inayomfanya mtazamaji afike pamoja naye. Muziki wa kuchekesha juu ya mstari wa kuchekesha ni kumwambia mtazamaji acheke, uondoe.

Kipindi kikirushwa, usikitazame nyumbani na familia inayokupenda. Nenda saluni au kwa kinyozi ambako runinga iko ukutani na hakuna anayekujua. Kaa kwenye foleni na daftari lako. Andika dakika ambayo mteja aliinua kichwa, dakika ambayo mtu aliomba wabadilishe chaneli, na ile dakika ambayo kinyozi alisimamisha mashine hewani, akageuka kutazama. Kesho asubuhi anza kuandika kipindi cha 14 ukiwa na ukurasa huo mbele yako.